Serikali ikishindwa kulipa madeni, mzigo huangukia nani Eastlands?

WAKAZI wa mitaa ya Eastlands jijini Nairobi hawahitaji mhadhara wa chuo kikuu ili kuelewa maana ya kushindwa kulipa deni. Mpangaji wa Kayole aliyechelewesha kodi ya nyumba hurejea jioni na kukuta mlango umetiwa kufuli nyingine. Mwanachama wa chama asiyetimiza ahadi hutembelewa na wenzake, nao hawaondoki mikono mitupu. Hubeba runinga, jokofu au hata viti vya sebuleni. Mfanyabiashara wa Kariobangi aliyeweka hati ya ploti yake rehani hupokea barua ya dalali, kisha huliona jina la mtaa wake katika tangazo la mnada gazetini.

Mdaiwa anapokuwa serikali, mambo hubadilika. Hakuna dalali awezaye kufika Harambee Avenue, akabandika ilani kwenye mlango wa Hazina ya Kitaifa na kulipiga mnada jumba la KICC. Wala hakuna mahakama ya kimataifa yenye uwezo wa kuitangaza nchi kuwa muflisi, ikauza mali yake na kuwagawia wadai. Ndiyo maana tangu madeni ya umma yavuke Sh10 trilioni mwaka 2023, Wakenya wengi, hasa vijana, wamekuwa wakiuliza: mbona tusikatae tu kulipa?

Swali hilo si la kipuuzi. Yapo mataifa yaliyolijibu kwa vitendo, na mengine yakanufaika kiasi. Lakini kabla ya kulijibu kuna jambo ambalo wataalamu wa fedha hawalitaji sana. Serikali haishindwi kuwalipa watu wote kwa siku moja. Huchagua nani alipwe na nani asubiri, na katika foleni hiyo mkazi wa Eastlands huwa nyuma kabisa.

Foleni yenyewe imewekwa na sheria. Kifungu cha 214 cha Katiba ya mwaka 2010 kinaagiza kwamba deni la umma lilipwe moja kwa moja kutoka mfuko mkuu wa taifa. Kwa lugha nyepesi, mdai wa London au Beijing hutengewa chake kabla ya hospitali kununuliwa dawa. Wakenya walilishuhudia hilo mapema mwaka 2023, mishahara ya watumishi wa umma ilipochelewa. Mshauri wa Rais kuhusu uchumi, David Ndii, hakuzunguka mbuyu. Alieleza mtandaoni kwamba uchaguzi ulikuwa kati ya kulipa mishahara na kushindwa kulipa madeni. Waliosubiri ni watumishi wa umma, na pamoja nao wenye maduka wa Umoja na Donholm ambao daftari zao za mikopo huzibwa mwisho wa mwezi kwa mishahara hiyo hiyo.

Aidha, si kweli, kama inavyodaiwa mara kwa mara, kwamba Kenya haijawahi kushindwa kulipa.

Novemba 1991, wafadhili waliokutana Paris walisimamisha misaada kwa serikali ya Rais Daniel arap Moi wakidai mageuzi ya kisiasa na kiuchumi. Mwaka uliofuata ulikuwa wa uchaguzi wa vyama vingi. Pesa zilimwagwa nchini kwa wingi hata noti ya Sh500 ikabatizwa 'Jirongo', kwa jina la mwanasiasa aliyeongoza kundi la kampeni la YK'92. Wakati huo huo, mabilioni yalikuwa yakivuja kupitia kashfa ya Goldenberg, ambapo serikali ililipa fidia kwa mauzo ya nje ya dhahabu na almasi ambayo hayakuwapo.

Matokeo yalionekana mwaka 1993. Dola iliyokuwa ikiuzwa kwa takriban Sh36 mwishoni mwa 1992 ilikaribia Sh70 mwaka mmoja baadaye. Mfumuko wa bei ulifikia wastani wa asilimia 46. Ili kuzinyonya pesa zilizozagaa, serikali ilikopa ndani ya nchi kwa hati za muda mfupi ambazo riba yake ilipita asilimia 80 katikati ya mwaka. Mwenye pesa hakuwa na haja ya kufungua kiwanda wala kuajiri mtu. Aliikopesha serikali akalala usingizi. Malimbikizo ya madeni ya nje nayo yakazidi kupanda.

Machi 1993, Rais Moi aliyakataa hadharani masharti ya Shirika la Fedha Duniani na Benki ya Dunia. Msimamo huo ulidumu wiki chache tu. Januari 1994, Kenya iliketi mbele ya kundi la mataifa wadai liitwalo Klabu ya Paris na kukubaliana kulipa kwa awamu malimbikizo ya zaidi ya dola 500 milioni. Ilirudi mbele ya kundi hilo kuomba muda zaidi mwaka 2000, na tena mwaka 2004.

Tarakimu za Paris hazikuwahi kujadiliwa kando ya Barabara ya Jogoo. Kilichojadiliwa ni masharti. Mwishoni mwa 1993 udhibiti wa bei ya unga uliondolewa. Ada katika hospitali za umma, ambazo zilianza mwaka 1989 na kusitishwa kwa muda, zilikuwa zimerejea. Watumishi wa umma walishawishiwa kustaafu mapema, na Shirika la Reli likapunguza maelfu ya wafanyakazi katika miaka iliyofuata. Katika mtaa kama Makongeni, uliojengwa kwa ajili ya wafanyakazi wa reli, kazi ya baba na nyumba ya familia vilikuwa kitu kimoja. Kijana aliyeacha shule wakati huo kwa kukosa karo leo ni mtu wa makamo, na yamkini hajawahi kuambiwa kwamba kisa chake kilikuwa na uhusiano na deni la taifa.

Tofauti kubwa kati ya wakati ule na sasa ni wadai wenyewe. Zamani Kenya ilidaiwa hasa na serikali za nje na Benki ya Dunia, watu wanaoweza kuketi katika chumba kimoja na kukubaliana. Juni 2014, serikali ya Rais Uhuru Kenyatta iliingia katika soko la kimataifa kwa hatifungani ya kwanza ya Eurobond na kukopa dola 2 bilioni, kisha ikaongeza dola 750 milioni Desemba mwaka huo. Wanunuzi wa hatifungani ni wengi, wametawanyika duniani, na huuziana karatasi hizo kila siku. Hawana balozi wa kualikwa Ikulu kwa chai.

Jinsi wanavyoogopwa ilidhihirika hata kabla ya mkopo huo kupatikana. Mei 2014, Rais Kenyatta aliidhinisha malipo ya takriban Sh1.4 bilioni kwa kampuni mbili za kashfa ya Anglo Leasing, baada ya mahakama za Geneva na London kuamua dhidi ya Kenya. Wengi waliona ni kuwatuza walaghai. Hazina ilijitetea kwamba bila kulipa, Kenya ingeingia sokoni ikiwa na doa la mdaiwa mkaidi, na wawekezaji wangekimbia au kudai riba kubwa zaidi. Hoja hiyo ni muhimu kwa yeyote anayedhani kukataa kulipa deni haramu ni jambo la kutoa taarifa moja kwa vyombo vya habari.

Sehemu kubwa ya Eurobond hiyo, dola 2 bilioni, ilifaa kulipwa kwa mkupuo mmoja Juni 2024. Ilipochukuliwa, dola moja ilikuwa chini kidogo ya Sh90, na deni lilikuwa karibu Sh175 bilioni. Kufikia Januari 2024 dola ilikuwa imepita Sh160, na deni lile lile likawa Sh320 bilioni, mbali na riba. Hakuna hata darasa moja lililojengwa kwa tofauti hiyo.

Ni vyema kukumbuka kwamba Kenya haikukosa kulipa. Uvumi na hofu tu vilitosha. Mwaka 2023 wawekezaji wa nje waliondoa pesa zao, benki zikapima dola kwa kijiko, na shilingi ikateremka kutoka takriban Sh123 kwa dola mwanzoni mwa mwaka hadi karibu Sh157 mwishoni. Serikali ililazimika kununua mafuta kwa mkopo wa miezi sita kutoka kampuni za Saudi Arabia na Milki za Kiarabu kwa kukosa dola za kulipa papo hapo. Pamoja na VAT ya mafuta iliyopandishwa kutoka asilimia 8 hadi 16 mwaka huo, lita ya petroli jijini Nairobi ilivuka Sh200 Septemba na kufikia Sh217 Oktoba.

Huko Gikomba, marobota ya mitumba hununuliwa kwa dola kabla ya kufika Mombasa. Muuzaji aliyezoea kununua robota moja kwa wiki hulazimika kushirikiana na mwenzake, wagawane nusu kwa nusu. Mafuta ya kupikia ambayo mama wa Dandora hupimiwa kwa kikombe hutoka kwa michikichi ya Malaysia na Indonesia. Ngano ya chapati za kibandani sehemu kubwa huagizwa. Mabati yanayokunjwa Kariobangi kuwa masufuria na masanduku ya wanafunzi yana bei iliyofungwa kwa dola. Mkazi ambaye hajawahi kuigusa noti ya dola huilipa kila asubuhi, kabla hajapanda matatu.

Je, ingekuwaje kama Juni 2024 ingefika na serikali ikasema haina?

Pigo la kwanza lingekuwa biashara ya nje. Mwagizaji wa bidhaa wa Kenya hutegemea barua ya benki yake inayomhakikishia muuzaji wa nje kwamba atalipwa. Barua hiyo ina thamani kwa sababu benki za nje huziamini benki za Kenya. Serikali ikianguka, imani hiyo huanguka pamoja nayo, maana benki hizo zimeikopesha serikali hiyo hiyo mabilioni. Muuzaji wa nje hudai kulipwa taslimu kabla ya meli kung'oa nanga. Wenye mtaji mkubwa hupumua; wadogo hufunga. Dawa, mafuta na ngano hupungua kabla ya kupanda bei, au yote mawili kwa pamoja.

Majirani wametoa mfano. Ethiopia ilikosa kulipa riba ya dola 33 milioni ya Eurobond yake Desemba 2023, kiasi ambacho kwa nchi kubwa kama hiyo ni kidogo. Ili kupata mkopo mpya wa Shirika la Fedha Duniani Julai 2024, iliacha sarafu yake ijitafutie bei sokoni. Birr iliyokuwa 57 kwa dola ilipita 100 katika wiki chache. Mfanyabiashara wa Eastleigh mwenye wateja ng'ambo ya Moyale aliona uwezo wao wa kununua ukikatika karibu nusu.

Zambia ilikosa kulipa riba ya dola 42.5 milioni Novemba 2020. Makubaliano na wenye hatifungani hayakukamilika hadi Juni 2024. Miaka mitatu na nusu ya kujadiliana! Katika kipindi hicho nchi haiwezi kukopa katika soko hilo, na wawekezaji hungoja kuona kitakachotokea. Kuanguka kwa deni si tukio la siku moja kama ajali ya barabarani. Hufanana zaidi na kesi ya ardhi.

Hata hivyo, fundisho kali zaidi kwa Kenya ni la Ghana. Taifa hilo liliposimamisha malipo ya madeni ya nje Desemba 2022, mwezi ambao mfumuko wa bei ulifikia asilimia 54, halikuishia kwa wageni. Liliwataka pia wananchi wake waliokuwa wameikopesha serikali wabadilishe hatifungani zao kwa nyingine zenye riba ndogo na muda mrefu zaidi. Vyama vya wafanyakazi vilitishia mgomo hadi mifuko ya pensheni ikaondolewa katika mpango huo. Wastaafu waliokuwa wamewekeza binafsi walilazimika kupiga kambi mbele ya Wizara ya Fedha jijini Accra mapema 2023. Miongoni mwao alikuwa Jaji Mkuu wa zamani, Sophia Akuffo.

Kwa Kenya jambo hili si la mbali. Kati ya deni la karibu Sh11.8 trilioni lililokuwapo Juni 2025, zaidi ya nusu lilikuwa la ndani. Mdai mkuu wa serikali basi si mzungu mwenye tai jijini London, wala Mchina aliyejenga reli. Ni benki za hapa nchini na mifuko ya pensheni. Takriban nusu ya mali ya mifuko ya pensheni ya Kenya imo katika hatifungani za serikali. Mlinzi wa usiku wa Embakasi anayekatwa mchango wa NSSF kila mwezi ameikopesha serikali bila kuulizwa. Chama cha akina mama wa Bahati chenye akiba benki kimeikopesha pia, kwa kuwa benki huchukua akiba hiyo na kununua hatifungani. Mwaka 2017 serikali ilimfuata hata mwananchi wa kawaida moja kwa moja kupitia M-Akiba, hatifungani iliyouzwa kwa simu kuanzia Sh3,000 kwa riba ya asilimia 10.

Kwa hiyo anayesema 'tusilipe' hana budi kueleza ni nani hatalipwa. Deni la ndani likifutwa, benki hutikisika, na bima ya akiba nchini hulinda Sh500,000 tu kwa kila mwenye akaunti katika benki moja. Deni la nje likisimamishwa peke yake, dola hupanda na kuyafanya yale yote yaliyoelezwa hapo juu.

Serikali ya Rais William Ruto ilichagua kulipa, na gharama yake inafaa kuwekwa wazi pia. Februari 2024 ilikopa dola 1.5 bilioni kwa riba ya asilimia 9.75 ili kununua sehemu kubwa ya deni la zamani lililokuwa na riba ya asilimia 6.875. Mwezi huo huo iliuza ndani ya nchi hatifungani ya miundomsingi kwa riba ya zaidi ya asilimia 18. Shilingi ilipona upesi, ikarejea takriban Sh130 kwa dola, na mwagizaji wa bidhaa akapumua. Lakini benki inayopata asilimia 18 kutoka kwa serikali, bila kusumbuliwa na mdaiwa, haina sababu ya kumkopesha fundi wa Kariobangi anayetaka mashine ya kuchomelea. Ni 1993 kwa sura nyepesi zaidi.

Kisha ukaja Mswada wa Fedha wa 2024. Ulipochapishwa ulikuwa na VAT ya asilimia 16 kwa mkate na ushuru wa asilimia 25 kwa mafuta ya kupikia. Rais alieleza kwamba katika kila Sh100 za ushuru, Sh61 huenda kulipa madeni. Vijana walijibu mitaani. Juni 25 waliingia Bungeni. Kesho yake Rais akakataa kutia saini mswada huo. Makumi ya watu walipoteza maisha katika maandamano ya miezi hiyo. Mwezi uliofuata, shirika la Moody's liliishusha Kenya hadi daraja la Caa1 likitilia shaka uwezo wake wa kupunguza nakisi bila ushuru huo. Serikali iliyokopa bila kuwashauri wananchi iligundua kwamba haiwezi kuwatoza bila kuwashauri.

Zipo njia nyingine za kutolipa ambazo Moody's na wenzake hawazihesabu kabisa, na hizo ndizo Eastlands huzijua zaidi. Mwaka 2023 serikali iliunda kamati ya kuchunguza madai ya wakandarasi na wauzaji bidhaa ambao hawakulipwa kati ya 2005 na 2022. Madai yaliyowasilishwa yalipita Sh600 bilioni. Katika upande wa kaunti, Nairobi imekuwa ikiongoza kwa mbali katika ripoti za Msimamizi wa Bajeti, kwa mabilioni mengi ya madeni ya aina hiyo. Kila shilingi humo ni kazi iliyofanywa au bidhaa iliyopelekwa.

Tumchukue fundi wa seremala aliyepewa kandarasi ya kutengeneza madawati. Hana mtaji, basi huchukua mkopo kwa chama cha akiba na mikopo, dhamana ikiwa nyumba yake ya Komarock. Hupeleka madawati, hutiliwa saini, kisha huambiwa angoje. Mwaka hupita. Hawezi kuishtaki serikali na kupata cha kushika, kwa sababu sheria ya Kenya hairuhusu mali ya serikali kukamatwa kufidia hukumu. Chama chake cha akiba, kwa upande mwingine, kina dalali. Deni ambalo halikuweza kupigiwa mnada Harambee Avenue hupigiwa mnada Komarock.

Shule zimo katika foleni hiyo hiyo. Mwanafunzi wa sekondari ya umma alitengewa Sh22,244 kwa mwaka. Julai 2025, Waziri wa Fedha John Mbadi aliwaambia wabunge kwamba Hazina haiwezi kumudu kiasi hicho, na kwamba kilichowezekana kilikuwa karibu Sh16,900. Hakuna aliyeita hali hiyo kushindwa kulipa deni. Mzazi wa Huruma aliyeletewa barua ya kuongeza pesa za chakula na mitihani huenda angeipa jina tofauti.

Kuhusu hofu ya mali kunyakuliwa, ukweli uko katikati. Uvumi kwamba Bandari ya Mombasa ingechukuliwa na Uchina kwa sababu ya mkopo wa reli ulienea mwaka 2018 na serikali zote mbili zikaukanusha. Lakini mali ya nchi iliyo ng'ambo haiko salama kila wakati. Mwaka 2012 meli ya jeshi la wanamaji la Argentina, Libertad, ilizuiliwa katika bandari ya Tema, Ghana, kwa ombi la mfuko wa uwekezaji uliokuwa ukiidai Argentina tangu ilipoanguka mwaka 2001. Zambia nayo ilishtakiwa jijini London na kampuni ya Donegal, iliyonunua deni la nchi hiyo kwa takriban dola 3 milioni na kudai dola 55 milioni. Mwaka 2007 mahakama iliipa karibu dola 15 milioni. Wataalamu huwaita wadai wa aina hiyo tumbusi.

Upo pia mfano wa kuwapa moyo wanaotaka deni likaguliwe. Ecuador iliunda tume, ikatangaza mwaka 2008 kwamba baadhi ya hatifungani zake ni haramu, ikaacha kuzilipa, kisha mwaka 2009 ikanunua nyingi kwa senti 35 kwa kila dola. Ila Ecuador hutumia dola ya Marekani kama sarafu yake na huuza mafuta ghafi nje. Haikuwa na shilingi ya kuporomoka. Kenya ikichukua njia hiyo itahitaji kwanza akiba ya dola ya miezi mingi, wanasheria waliobobea, na ushahidi unaoonyesha pesa za kila mkopo zilitumika wapi. Hicho cha tatu ndicho kigumu kuliko vyote.

Kigumu, lakini si kwamba hakiwezekani. Eastlands yenyewe ni ushahidi kwamba mkopo unaweza kufuatiliwa hadi ukutani. Mradi wa Dandora ulianza mwaka 1975 kwa mkopo wa Benki ya Dunia, ukatoa ploti 6,000 zenye maji, mabomba ya majitaka na barabara, wenyewe wakajijengea vyumba na kulipa kidogo kidogo. Umoja ya kwanza ilijengwa kwa mkopo uliodhaminiwa na shirika la misaada la Marekani. Buruburu ilipata mtaji kutoka shirika la maendeleo la Uingereza. Mtu anaweza kusimama Dandora leo, miaka mingi baadaye, akaonyesha kwa kidole deni lilikokwenda. Afanye vivyo hivyo kwa dola 2.75 bilioni za mwaka 2014. Mkaguzi Mkuu wa Hesabu za Serikali wa wakati huo, Edward Ouko, alijaribu kufuatilia pesa hizo hadi kwenye miradi na kukumbana na vizingiti tele.

Hatifungani iliyochukuliwa Februari 2024 itarejeshwa kwa awamu tatu za dola 500 milioni kila moja, mwaka 2029, 2030 na 2031. Mtoto aliyeingia Gredi ya Kwanza katika shule ya msingi ya Kayole mwezi uliotangulia mkopo huo atakuwa Gredi ya Sita awamu ya kwanza itakapofika, na Gredi ya Nane wakati wa ile ya mwisho. Katika kila mwaka kati ya hiyo, malipo ya hatifungani yatatolewa mfukoni kwanza, kisha Hazina itahesabu kilichobaki kwa ajili ya shule yake.